Kiingereza cha Wodi ya Wazazi

Siku ya kuniaga, wauguzi vijana waliniomba niwaandikie mambo ya zamani ya kazi yetu: jinsi tulivyochemsha sindano kwenye jiko la mafuta ya taa, jinsi tulivyosikiliza moyo wa mtoto tumboni kwa kipande cha mti kilichochongwa kama pembe. Hayo nitayagusa. Lakini nikikaa peke yangu na kukumbuka, sindano hazinijii sana. Yananijia maneno. Nimefanya kazi ya ukunga Korogwe na Handeni tangu mwaka mmoja kabla ya Uhuru, na sehemu kubwa ya taabu niliyoiona iliingia wodini kwa mlango wa Kiingereza.

Vyeo na mishahara siviandiki. Anayetaka kujua mshahara wa muuguzi wa wakati ule autazame wa kwake, kisha apunguze.

Mimi ni Msambaa, ila nimezaliwa tambarare, Mazinde, ambako baba alikuwa seremala kwenye shamba la mkonge. Nilimaliza darasa la nane na kupewa zawadi ya shule, kamusi ya Kiingereza na Kiswahili yenye jalada la bluu. Nilipopata nafasi ya kujifunza uuguzi katika hospitali moja ya misheni upande wa Korogwe, niliifunga kamusi ile ndani ya kanga zangu mbili pamoja na mche wa sabuni, nikapanda treni. Nilijiona nimekamilika.

Nilipelekwa wodi ya wazazi, chini ya Sista Hilda, Mwingereza mrefu aliyetembea kama mtu anayewahi mvua. Asubuhi ya kwanza aliniambia nimwangalie mama wa kitanda cha dirishani, kwa kuwa yuko “poorly”. Neno “poor” nililijua tangu shuleni: maskini. Nikamtazama yule mama, kweli amelala kinyonge, macho yamezama, nikamhurumia. Nikaenda kuchukua kanga moja kati ya zile mbili na nusu ya sabuni, nikampa. Alikuwa mke wa mwenye duka kubwa la vitambaa pale mjini. Alipokea, maana homa ilikuwa imemzidi hata asiweze kuuliza. Baadaye nilielezwa kwamba kwa Waingereza, wakizungumza vya nyumbani, mtu “poorly” ni mgonjwa tu. Kanga haikurudi.

Juma lile lile Sista aliniuliza kama mama fulani amekwisha pata “show”. Mimi “show” niliyoijua ni maonyesho ya kilimo, yenye ng'ombe waliooshwa na wazungu wenye kofia. Nikajibu kwa adabu kwamba sidhani, maana ana uchungu mwingi. Sista alinitazama, akaenda kuangalia mwenyewe. Ile ni damu kidogo inayotangulia kabla mtoto hajaanza safari. Kamusi haikuitaja.

Aliyeniokoa ni Bi. Mwantumu. Alikuwa mkunga msaidizi, Mzigua wa Handeni, mtu mzima aliyeingia pale zamani kama mfuaji wa mashuka akafundishwa kazi hatua kwa hatua. Kusoma Kiingereza hakujua, lakini masikio yake yalikuwa yamekizoea kama yanavyozoea mvua ya bati. Aliniita mwanangu, nami nilimwamkia shikamoo kila asubuhi, hata siku alizokuwa amenigombeza jana yake. Ndiye niliyemwuliza juu ya “confinement”, neno ambalo daktari alilitaja kwa kila mjamzito aliyempima. Kamusi yangu ilisema ni kifungo, kufungiwa ndani. Kwa siku kadhaa niliamini kwamba wengi wa akina mama wale wana kesi.

“Wenzetu wanasema mama anafungwa,” Bi. Mwantumu alinieleza, “sisi tunasema anajifungua. Mtoto anayetoka ni yule yule. Haya, kalete maji ya moto.”

Nilicheka siku hiyo. Siku iliyonikomesha kucheka ilikuja mapema. Niliingia kazini mchana, Sista Hilda akaniambia kwa sauti ya chini kwamba mama wa kitanda cha pembeni “has slipped away”. Nilifungua kamusi haraka nikakuta kuponyoka, kutoroka. Mama yule alikuwa amejifungua siku mbili nyuma na alikuwa dhaifu mno. Asubuhi ya jana yake nilikuwa nimemlisha uji kwa kijiko. Nikakimbia mpaka getini kumwuliza askari kama amemwona mwanamke akitoka. Hakuna aliyetoka, alisema. Niliporudi nilikuta pazia limezungushwa kitanda cha pembeni, na nyuma yake Bi. Mwantumu anamfunga marehemu kidevu kwa kitambaa. Aliniona ninavyohema, akaelewa nimetoka wapi. Hakunicheka. Aliniambia tu nimshike miguu.

Ndipo nilipoanza kuona kwamba pale wodini Kiingereza hakikuwa kimoja. Kulikuwa na cha kwenye kamusi. Kulikuwa na cha Sista Hilda, alichotoka nacho mtaani kwao, ambacho kilifunika mambo mazito kwa shuka jepesi. Na kulikuwa na cha daktari, kilichotoka kwenye vitabu vyake. Neno moja liliweza kukaa katika vyote vitatu na kila mahali likawa na sura nyingine. Sisi tulikuwa katikati, na nyuma yetu walisimama ndugu wa wagonjwa wakisubiri kuambiwa.

Sasa niwaeleze habari za Zaina.

Aliletwa mwaka wa pili wa Uhuru, juu ya lori la mahindi, kutoka Kwamsisi. Alikuja na watu wawili. Mmoja alikuwa shangazi yake, mama mfupi mwenye sauti ya taratibu, aliyemlea tangu mama yake alipofariki. Wa pili alikuwa mumewe, Mwalimu Rashidi, kijana wa shati jeupe na kalamu mbili mfukoni, aliyefundisha shule ya msingi ya pale kwao. Zaina alikuwa amekwisha poteza mimba nne, zote zikiwa changa. Hii ya tano ilikuwa imefika mwezi wa tano, na siku mbili kabla ya kuletwa alikuwa ameona damu.

Daktari wetu alikuwa kijana wa Ulaya, mpole, ambaye Kiswahili chake kiliishia kwenye salamu na kuuliza panapouma. Alimpima Zaina, akatoka mlangoni, akamwambia Sista Hilda kwa Kiingereza: “Threatened abortion.” Kwa vitabu vyake alikuwa amesema kwamba mimba iko hatarini kutoka. Rashidi alikuwa amesimama hatua chache kutoka pale. Wanaume hawakuruhusiwa kuingia, lakini askari wa getini aliona kalamu mbili akamwamkia na kumpisha.

Tuliinua miguu ya kitanda cha Zaina kwa matofali, akaambiwa alale bila kuinuka hata kwa haja. Mimi ndiye niliyepewa kumhudumia. Alikuwa msichana wa umri wangu, mcheshi kidogo anapokuwa peke yake, na aliogopa sana kukohoa. Siku moja alinishika mkono akasema, “Nesi, huyu anacheza. Wale wengine hawakufika kucheza.” Nikaleta pembe ya mti, nikamsikia, hafifu na haraka. Shangazi yake aliomba naye asikilize. Nilimwonyesha pa kuiweka. Aliinama muda mrefu, akainuka, akatoka nje. Nilimkuta amekaa kwenye ngazi amejifunika uso kwa kanga.

Wiki ya pili, mchana, tukigawa chakula, chupa ya maji ilipasuka. Bi. Mwantumu alikuwepo, daktari aliitwa, kila kilichojulikana wakati ule kilifanyika. Alikuwa mtoto wa kiume. Hakulia.

Kesho yake asubuhi daktari alizunguka vitanda kama kawaida, na Rashidi, aliyekuwa amepelekewa habari, alikuwa amefika na kuruhusiwa asimame karibu na mlango. Daktari alisimama miguuni pa Zaina, akamgeukia Sista Hilda na sisi wanafunzi, akasema kwa huzuni ya kweli kwamba hii ni “habitual abortion”. Kisha akaeleza kitu kuhusu mlango wa kizazi. Daktari alizoea kwamba Kiingereza ni kama pazia, ukizungumza nyuma yake huonekani. Rashidi alimshukuru kwa Kiingereza safi. Daktari alifurahi, akamsifu, akampa mkono.

Siku alipotolewa, Zaina alitembea nyuma ya mumewe mpaka barabarani. Hakuna aliyembebea mzigo wake isipokuwa shangazi. Niliona, nikadhani ni msiba tu.

Baada ya miezi miwili hivi shangazi alikuja peke yake. Tulimpa kiti karibu na chumba cha mashuka. Alisalimia mmoja mmoja, akauliza hali za watoto wetu, akanywa maji. Halafu akaniuliza mimi na Bi. Mwantumu kama Zaina alituambia ametumia dawa gani.

“Dawa ya nini?” Bi. Mwantumu akauliza.

“Ya kutolea mimba,” alisema shangazi. “Mumewe anasema daktari alitamka kwa mdomo wake. Kwanza kwamba Zaina ametishia kuitoa. Kisha kwamba ameitoa, na kwamba hayo ndiyo mazoea yake. Anasema amesikia kwa masikio yake na amehakikisha kwenye kitabu.”

Nilikwenda kuchukua kamusi yangu chumbani, nikasoma nimesimama. “Threatened”, kutishia. “Abortion”, kutoa mimba. “Habitual”, ya mazoea, ya tabia. Hapakuwa na uongo wowote katika kamusi ile. Rashidi alikuwa ameyashona maneno matatu jinsi alivyofundishwa, na nguo iliyotoka akamvika mkewe.

Shangazi alieleza yaliyofuata kwa sauti ile ile ya taratibu. Rashidi alimwita baba yake Zaina kutoka Kwedizinga, akatamka talaka tatu kwa mpigo mbele yake. Zaina alirudishwa kwao na sufuria mbili. Baba yake hakumpiga, lakini aliacha kula naye.

Nilimtafsiria daktari. Mwanzo hakuelewa. Alisema neno lile limeandikwa hivyo katika vitabu vyote vya udaktari na halina lawama ndani yake, maana yake ni mimba kutoka yenyewe, tena na tena. Alisema kweli. Kisha uso wake ukabadilika, akakaa. Alisema atamwandikia mwalimu barua ya kueleza. Bi. Mwantumu alinisikiliza nikitafsiri, akasema, “Mwambie barua ya Kiingereza itasomwa kwa kamusi ile ile.”

Ikakubaliwa twende sisi wawili. Sista Hilda alitupa ruhusa na mkate wa njiani. Tulipanda basi mpaka Mkata, na kutoka hapo tukaenda kwa miguu, Bi. Mwantumu akisimama mara kwa mara kwa sababu ya magoti. Shangazi alituongoza mpaka karibu na shule, akasema yeye haingii kwenye nyumba ile, akabaki njiani.

Rashidi alitupokea vizuri. Alitoa viti, akaagiza chai, akamwamkia Bi. Mwantumu kwa heshima zote. Nilipoanza kueleza aliinuka, akaleta kamusi yake, ya jalada la bluu kama yangu, akaifungua mezani. Alisoma kwa sauti, kwanza Kiingereza kisha Kiswahili, kama anavyowasomea watoto darasani.

“Mimi nimefundishwa hivi,” alisema. “Neno likiwa humu, ndivyo lilivyo.”

Nilimweleza habari ya “poorly” na kanga yangu. Nilimweleza “confinement” na wale wanawake niliodhani wana kesi. Alitabasamu kidogo, maana naye alikuwa mpenzi wa lugha. Halafu nikamweleza yale maneno mawili ya daktari, kila moja linavyokaa katika vitabu vya udaktari. Aliuliza maswali mazuri. Aliuliza kama “habitual” kwa madaktari laweza kusemwa juu ya jambo ambalo mtu halitaki. Nikamjibu kwamba husemwa hata juu ya mkono uliozoea kuchomoka begani. Niliona kwa macho yangu jambo lile likimwingia, likashuka mpaka chini. Aliifunga kamusi polepole.

“Nimekwisha mwambia baba yake,” alisema. “Nimemwambia imamu. Kijiji kizima kinajua.”

“Basi waambie tena,” alisema Bi. Mwantumu. “Mdomo ni ule ule.”

Alisema atasema Ijumaa baada ya sala. Alitusindikiza mpaka njiani, akatupa mahindi ya kuchoma. Alipomwona shangazi alirudi nyuma.

Hakusema Ijumaa ile wala nyingine. Nilijua kwa shangazi, aliyetuma salamu mara mbili kwa watu waliokuja kujifungua. Sikuweza kumchukia Rashidi kwa ukamilifu, ingawa nilijaribu. Kila barua ya serikali pale kijijini ilisomwa na yeye. Watu walimpa vyeti vyao, vidonge vyao, kesi zao za mipaka. Angekiri kukosea neno moja, wangeuliza amekosea mangapi. Hilo nililifahamu. Lakini Zaina ndiye aliyekuwa akililipia kila siku.

Miaka ikapita. Daktari alirudi kwao. Sista Hilda naye akaondoka, akilia, huku akituambia kwa Kiingereza kwamba ana mafua. Bi. Mwantumu alichoka magoti akarudi Handeni, na nilipokwenda kumtazama mara ya mwisho hakunitambua, ila alinisahihisha nilivyokunja shuka. Likaja Azimio, vikaja vijiji vya ujamaa. Watu wa Handeni waliokuwa wakikaa mbali mbali, kila ukoo na shamba lake, waliambiwa wahamie pamoja, nyumba kwa mistari. Zahanati mpya zilihitaji wakunga. Mimi nikapelekwa Kwedizinga.

Zahanati ilikuwa vyumba viwili na kabati moja. Niliipanga kwa siku mbili, siku ya tatu nikaanza kliniki. Katika foleni ya mwanzo, mbali kidogo na wengine, alisimama mwanamke mwembamba akimwongoza bibi mmoja mzee kwa fimbo. Aliniangalia muda mrefu.

“Nesi wa Korogwe,” alisema.

Alikuwa Zaina, pale ndipo kwao, na mzee yule alikuwa shangazi, macho yake yamefunga ukungu. Zaina hakuwa ameolewa tena. Nilijifunza kijiji kilivyomchukulia kwa kutazama tu. Kisimani wajawazito hawakuteka maji mara baada yake, kwa kuogopa mkosi. Walimwaga waliyokwisha teka, wakasubiri mpaka aende zake. Balozi wa nyumba kumi alipogawa viwanja, kila mtu alikuwa na sababu ya kutotaka kile kilicho karibu na cha Zaina. Zamani, walipokuwa wametawanyika, kila mtu kwenye mji wake, yaani makazi ya ukoo wake, jina baya halikuwa na watu wengi wa kulisikia. Sasa nyumba zilikuwa zimekaribiana, na jina lilipita uani bila taabu. Nilisema na watu, mmoja mmoja, kliniki na nje ya kliniki. Walinisikiliza kwa adabu. Nilikuwa mgeni, Msambaa, na mwajiriwa.

Shangazi alifariki masika ya mwaka wa unga wa njano, ule wa chakula cha msaada. Aliomba asizikwe kijijini, azikwe kwenye mji wao wa zamani, na vijana wachache walikubali kumbeba mpaka kule.

Haukupita muda jirani wa Zaina, mwanamke kijana aliyeolewa karibuni aitwaye Mwajabu, mimba yake ilitoka ikiwa na miezi mitatu. Nilimhudumia mimi. Alikuwa na malaria kali na hakikuhitajika kitu cha ajabu kueleza sababu. Lakini mama mkwe wake alikumbuka kwamba Zaina aliwaazima chumvi. Malalamiko yakapelekwa kwa mwenyekiti wa kijiji, na watu wakaanza kusema Zaina ahamishwe, apelekwe kijiji kingine ambako hawamjui. Huko nako, kama nawajua watu vizuri, wangemjua ndani ya mwezi.

Mwenyekiti aliniita. Alikuwa mkulima mwenye busara zake, asiyependa fujo.

“Sista, mimi nakuamini,” alisema. “Lakini wewe umeyasikia maneno haya upande wa hospitali. Aliyeyaleta huku ni mwalimu. Mlete mwalimu ayaondoe mwenyewe.”

Nilichukua baiskeli ya zahanati nikaenda Kwamsisi, nikalala njiani kwa mwenzangu mkunga. Rashidi alikuwa sasa mwalimu mkuu, nywele zimeanza mvi, na shule yake ikifundisha kila somo kwa Kiswahili. Alinijua kabla sijatoa jina. Alinikaribisha ofisini, akafunga mlango, nikamweleza kila kitu: maji, viwanja, chumvi, na kwamba shangazi ameshakufa. Nilikuwa nimejiandaa kugombana naye. Nilikuwa nimeyapanga maneno yangu njia nzima.

Alikaa akitazama meza.

“Mke wangu wa sasa naye imemtokea,” alisema. “Mara mbili. Nilimpeleka hospitali, na daktari akatamka neno lile lile.” Akapangusa meza kwa kiganja ingawa haikuwa na vumbi. “Sikufungua kamusi.”

Niliuliza kama atakuja. Alisema atakuja.

Alikuja siku ya mkutano ambao mwenyekiti aliuitisha, kwa baiskeli, amevaa shati jeupe. Watu walikaa kwenye uwanja wa ofisi ya kijiji, wanawake upande wao, Zaina nyuma kabisa, peke yake, amesimama. Rashidi hakuzungumza kwa muda mrefu. Alisema alisikia maneno ya Kiingereza hospitalini Korogwe na akayafasiri vibaya. Alisema daktari alikuwa na maana kwamba mimba za Zaina zilikuwa zikitoka zenyewe, kwa ugonjwa, na kwamba hakuna mtu aliyezitoa. Alisema alielezwa hivyo zamani, na wakunga wawili waliotembea kwa miguu kumfuata, naye akanyamaza kwa kuona haya. Sauti yake ilikuwa ya mwalimu, inafika mpaka nyuma. Kisha akamgeukia Zaina, akamwomba radhi.

Hakuna aliyetegemea Zaina aseme. Alishika ncha za kanga yake.

“Siku ile ya kutoka hospitali nilikwambia kwa Kizigua kwamba sikufanya,” alisema. “Nikakwambia tena kwa Kiswahili. Kiingereza sikuwa nacho.”

Mtoto mmoja aliyekuwa akilia alinyonyeshwa haraka. Mwenyekiti akasimama, akasema habari ya kumhamisha Zaina imekwisha na hataki kuisikia tena. Mama mkwe wa Mwajabu aliondoka bila kuaga. Rashidi alitaka kumsogelea Zaina, akapiga hatua mbili, lakini yeye alikuwa amekwisha geuka kuelekea kwake. Mwalimu akachukua baiskeli yake. Aliisukuma mbali sana kabla ya kuipanda.

Msije mkadhani kijiji kiligeuka siku ile. Kisimani walipunguza kumwaga maji, wachache waliendelea. Mwajabu alimrudishia chumvi katika kikombe, akaketi naye kidogo. Zaina alikuwa na umri wa kuwa na mtoto wa sekondari, na hakuna neno lililoweza kumrudishia miaka ile. Kwa upande wangu, tangu wakati ule kila mwanafunzi aliyepita mikononi mwangu nilimkataza kuzungumza Kiingereza juu ya kitanda cha mgonjwa kabla ya kumwambia mgonjwa jambo lile lile kwa lugha yake. Wengi waliniona mkali. Madaktari wapya walipokuja na neno jingine, laini zaidi, la mimba kuharibika, niliwauliza kwanza linavyosomeka kwenye kamusi.

Jumapili iliyofuata Zaina alinijia zahanati mchana, akaniomba nimsindikize kwenye mji wao wa zamani. Alisema hapendi kwenda peke yake. Tulitembea kwa muda mrefu katika njia iliyokwisha mezwa na nyasi. Mji wenyewe ulikuwa umekuwa mahame: nyumba zimeezuliwa, kuta zimenyeshewa mpaka zimebaki magotini, na miwa ilikuwa imejiotea mahali palipokuwa bafu. Kaburi la shangazi lilikuwa upande wa nyuma, limezungushiwa mawe.

Zaina alichuchumaa, akang'oa nyasi kwa mkono, akazungumza naye Kizigua. Kizigua na Kishambaa ni jirani, kwa hiyo nilielewa. Alimwambia kwamba mwalimu amekuja. Alimwambia kwamba amesema mbele ya watu wote, na sauti yake ilisikika mpaka nyuma. Akamwambia kwamba mahindi ya mwaka huu si mabaya. Halafu akaanza kumwomba awatunze watoto, akawataja mmoja mmoja, wote watano, pole pole, kila mmoja kwa jina lake. Nilikuwa nimemhudumia mimi, nimeandika mimba zile kwa tarakimu, na sikuwahi kujua kwamba walikuwa na majina.